Kumfungua Mwari Mdomo

Nimechoka. Naanza na hilo ili msomaji asije akadhani nitamletea hadithi ya ushujaa. Mimi ni mjumbe wa kamati ya ulinzi wa wanawake na watoto ya kijiji chetu, kati ya Kiranjeranje na Kiswere. Ni kazi ya kujitolea, haina likizo, na ofisi yake ni kibaraza changu. Mwanamke akipigwa huja kwangu. Akifukuzwa huja kwangu. Mume akimtafuta mkewe naye huja kwangu, tena huyo ndiye hupiga hodi kwa adabu kuliko wote.

Kabla ya kamati nilikuwa kungwi, na mpaka leo ni kungwi. Wasichana waliovunja ungo kijijini hapa, wengi nimewafunda mimi. Msichana ninayemfunda huwa mwari wangu, nami huwa somo yake, na jambo hilo haliishi akiolewa, wala akizaa, wala mimi nikizeeka. Ndiyo sababu walinichagua. Siku ya semina, mtoa mafunzo aliyetoka wilayani, kijana wa suruali ya kubana, aliuliza ni nani hapa kijijini ambaye wanawake humsikiliza, na wanaume wote wakageuza shingo kunitazama. Nikapokea daftari na kalamu, nikanywa soda yangu. Nilijiona mtu mkubwa siku ile.

Ninayotaka kuyasimulia ni ya mwari wangu mmoja. Ilikuwa msimu wa kuvuna ufuta, wakati ambao nyumba nyingi hubaki na kuku tu kwa kuwa watu wote wako mashambani. Saa nane mchana muuguzi wa zahanati alinipigia simu. "Mama, njoo. Kuna mtu wako hapa, ana mkono." Sikuuliza mkono wa namna gani. Nilivaa viatu nikaenda.

Nilimkuta amekaa kwenye benchi. Mkono wa kushoto ameuning'iniza kwa mtandio, umevimba mpaka bangili ya plastiki imezama katika nyama, na muuguzi alikuwa akitafuta mkasi wa kuikatia.

"Shikamoo, somo."

"Marahaba, mwanangu. Umefanywa nini?"

"Nimeanguka ulingoni."

Ulingo ni kile kichanja cha miti ambacho mtu hukaa juu yake shambani kufukuza ndege. Mpunga ulikuwa umeshavunwa zamani, ndege wamekwenda zao, na hapakuwa na sababu yoyote ya mtu mzima kupanda ulingoni. Muuguzi alinitazama, nami nikamtazama. Mwari wangu huyu alikuwa ameshaanguka kisimani akapoteza jino, na mwaka mwingine mlango ukamwangukia. Mwanamke mmoja, maanguko yote hayo, na mumewe hajawahi kujikwaa hata kidole.

Muuguzi alinivuta pembeni. Mfupa umevunjika, alisema, na hapa zahanati hawana cha kumfanyia zaidi ya kumfunga kitambaa na kumpa dawa ya maumivu. Lazima aende hospitali ya wilaya. Akieleza polisi kwamba amepigwa, atapewa PF3, ile fomu ya polisi ya mtu aliyejeruhiwa, na jalada litafunguliwa. Akisema ameanguka, ataungwa mfupa na kurudishwa kwa huyo huyo aliyemwangusha. Yote yalikuwa katika mdomo wake.

Kamati ilikaa asubuhi ya pili yake, Jumatano. Tulikuwa mtendaji wa kijiji, shehe, katekista, mwalimu mmoja wa shule ya msingi, na mimi. Aliitwa pia mjomba wake, kwa sababu huku kwetu mjomba ndiye mwenye kauli juu ya mtoto wa dada yake, na mama wa mwari alikuwa ameshafariki. Mtendaji alinikalisha mkabala na mwari kwa makusudi. "Akimwona somo yake atapata moyo," alisema, na mimi nikaona amesema la maana.

Akaulizwa. Alinitazama, kisha akatazama sakafu.

"Nilianguka ulingoni."

Shehe akamwambia, "Binti yangu, Mwenyezi Mungu anakuona. Sema kweli, hakuna atakayekudhuru." Katekista naye akaongeza yake, yakawa yale yale. Dini mbili zikakubaliana bila mabishano, na haikusaidia kitu. Kila alipoulizwa alinitazama mimi kwanza, kisha akarudia ulingo wake. Nilimkunjulia uso, nikamtikisia kichwa aendelee. Alizidi kujikunyata.

Mjomba alichoka mapema. "Mnamsumbua mgonjwa bure," alisema. "Vikombe vikikaa kabati moja havikosi kugongana. Mumewe ameshanitumia ujumbe. Ijumaa baada ya swala anakuja kwangu na wazee wake, tutasuluhisha, mtoto arudi kwake."

"Vikombe gani hivyo, mzee, ambavyo kila siku kinavunjika kimoja tu?" nikamuuliza.

Watu walicheka, na mjomba mwenyewe akacheka. Ndiyo taabu ya maneno yangu. Watu huyacheka, kisha hufanya lile walilotaka kufanya tangu mwanzo.

Mtendaji alifunga daftari. Bila kauli yake mwenyewe, alisema, kamati haina hatua ya kuchukua. Akakubali tu nimpeleke hospitali Alhamisi, na Ijumaa iwe suluhu kwa mjomba. Nayo suluhu naijua. Nimekaa katika suluhu mpaka makalio yameota sugu. Huletwa doti ya khanga, husomwa dua, mume huinamisha kichwa, mke huambiwa achukue watoto wake wakatangulie nyumbani. Katika daftari langu neno "wamesuluhishwa" limejaa ukurasa kwa ukurasa, kwa mwandiko wangu mwenyewe. Mmoja wa hao waliosuluhishwa tulimzika kabla khanga zake za suluhu hazijafuliwa mara ya pili. Mimi ndiye niliyeshika kichwa chake wakati wa kumwosha.

Kwa hiyo nilikuwa na siku moja. Watoto wake wawili nilikuwa nimeshampa dada yangu awapeleke Kitomanga. Yeye nilimleta nyumbani kwangu, chumba cha uani, kile ambacho wanakamati wenzangu hukiita nyumba salama ilhali ni stoo yenye kitanda na magunia. Nikampikia ugali wa mtama na samaki, akala kidogo kwa mkono wake mzima. Alipomaliza nikashindwa kujizuia. Nilikuwa na hasira, siwezi kuficha.

"Mimi nimekaa pale mbele yako, somo yako mzima, na wewe unaniletea habari za ulingo? Unamwogopa nani pale? Mjomba? Shehe?"

"Nakuogopa wewe, somo."

Nilidhani sikusikia. Akasema tena, taratibu, kwa heshima ile ile ya siku zote.

"Ulinifunda kwamba ya ndani hayatoki nje. Hata mama mzazi asiambiwe. Ulisema nikitoa siri ya nyumba yangu, watakaolipa ni watoto wangu. Leo unanikalisha mbele ya wanaume, wewe mwenyewe umenikodolea macho, unataka niseme. Nilidhani unanipima."

Yafundwayo ndani siwezi kuyaandika hapa, na kungwi yeyote akisoma atanielewa. Lakini hili la kupimwa nitalisema, maana bila hilo hakuna atakayeelewa kosa letu. Siku za mwisho za kufundwa, mmoja wetu hujifanya shangazi mwenye huruma. Huja na uso mkunjufu, hukaa mkabala na mwari, humuuliza kwa upole ameambiwa nini humu, amefanyiwa nini, na humwahidi kwamba hakuna atakayemdhuru. Mwari akijibu tu, amekwisha. Huanza upya, na wenzake humcheka. Hufaulu yule anayetazama chini na kusema hakuna kitu. Mara nyingi shangazi huyo nilikuwa mimi. Nilikuwa hodari sana.

Na sisi kamati tulimfanyia yale yale. Tulimweka katikati, tukamtia moyo kwa maneno laini, tukamwahidi usalama, nami nikamkunjulia uso ule ule aliouona akiwa msichana. Alifaulu mtihani wake, maskini. Nikawakumbuka wengine walioketi pale wakanitazama mimi kwanza, kisha wakataja ngazi, au kisiki, au ng'ombe wa jirani. Wengi wao nilikuwa nimewafunda. Miaka yote hiyo nilirudi nyumbani nikisema wanawake wa kijiji hiki ni wajinga, hasaidiwi mtu asiyejisaidia. Nilikaa juu ya gunia nikaona aibu.

"Nikikuruhusu, utasema?" nikamuuliza.

"Aliyefunga ndiye hufungua," akajibu. "Lakini sijui kama kunafunguliwa."

Nami sikujua. Nilimwacha apumzike, nikaenda kwa kungwi mkubwa, bibi aliyenifundisha kazi hii. Nilimkuta uani anapepeta ufuta. Nilimweleza yote. Hakusimamisha ungo wake.

"Mwari akishafundwa amefundwa," alisema. "Kufundua ndiyo nini? Mimi sijasikia, na aliyenifunda mimi hakusikia."

"Atakufa, bibi."

"Wote tutakufa." Akapuliza makapi. Baadaye, nilipokuwa nimeshainuka, akasema bila kunitazama, "Fanya unavyojua. Ila usinitaje."

Nikarudi nikafanya nilivyojua. Nilifunga mlango wa chumba, nikatandika mkeka, nikamkalisha miguu ameinyoosha kama walivyokaa siku zile. Siku zile alikuwa msichana mwembamba, ananyoosha miguu kwa urahisi. Sasa ilibidi nimshike kiunoni, kwa sababu ya mkono. Nikamfunika khanga kichwani mpaka usoni. Kisha nikanyamaza, maana kila jambo ninalofundisha lina wimbo wake, mwenyewe nimeurithi, na hili halikuwa na wimbo. Ilibidi niseme kwa maneno makavu kama mtu anayesoma tangazo.

"Mimi somo yako niliyekufunga mdomo, leo nakufungua. Siri ya chumbani ni mapenzi. Kipigo si siri ya chumbani. Ukiulizwa, sema. Na kama kuna litakalokuja kwa kusema kwako, lije kwangu, lisiende kwa watoto wako."

"Mara tatu, somo," akasema chini ya khanga. Ni kweli, mafunzo yetu husemwa mara tatu.

Nikasema ya pili. Ya tatu sauti ilinikatika katikati, nikaimalizia hivyo hivyo kwa kulia. Naye alikuwa analia, khanga imelowa na kunata puani. Baada ya muda akaivuta mwenyewe, akajifuta uso, akasema, "Ni mpini wa jembe. Tita la ufuta liliniponyoka, mbegu zikamwagika mchangani. Basi." Nikamwambia asinimalizie mimi, ayaweke ya kesho.

Asubuhi ya Alhamisi mume alifika kabla hatujanywa chai. Ana doti ya khanga mpya kwapani na jogoo mkononi. Ni mtu mzuri, kila mtu atakwambia. Kaka yangu alipofariki, huyu ndiye aliyechimba kaburi tangu mwanzo mpaka mwisho bila kupokewa jembe. Nilikuwa nampenda, na nalisema hili kwa kuwa ni kweli na linanichosha.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Nimekuja kumchukua mgonjwa wangu, nimpeleke hospitali."

"Atapelekwa na kamati."

"Kamati si ndiyo wewe?"

"Ndiyo mimi."

Aliangalia mlango wa uani kwa muda. Kisha akaweka khanga kwenye kibaraza, akamfunga jogoo kwenye nguzo, akasema, "Haya mama, tutaonana kesho kwa mjomba," akaenda zake akisalimia watu njiani. Jogoo nilimfungua. Akakimbilia kwa jirani, na mwisho wake siujui.

Tulipata bodaboda mbili mpaka barabara kuu, kisha basi. Kila basi liliporuka tuta mwari alishika mkono wake na kufumba macho, nami nikaomba tu asije akabadili nia.

Dawati la jinsia pale kituo cha polisi, tulikoanzia kabla ya hospitali, ni chumba kidogo chenye mlango unaofungika, pazia, meza moja na viti vitatu. Askari alikuwa binti aliyevaa nguo za kawaida, mdogo kiasi cha kuweza kuwa mwari wangu. Aliniandika juu ya karatasi kwamba mimi ni mjumbe wa kamati niliyemsindikiza mlalamikaji, akanishukuru, akaniomba nisubiri nje ili mwenzangu awe huru.

"Abaki," mwari akasema. "Nataka asikie."

Nikajivuna. Nasema ukweli wangu wote, nilijivuna. Nilidhani ananihitaji.

Akaanza na mkono. Akataja mpini, akataja ufuta. Askari alimjazia kwanza ile PF3 ya kwenda nayo hospitali, akaiweka pembeni na kugonga muhuri, na mimi nikashusha pumzi niliyokuwa nimeibana tangu Jumanne. Hata kama angenyamaza hapo, jalada lilikuwa limeshafunguliwa, na Ijumaa ya mjomba isingekuwa na mtu wa kusuluhisha. Lakini hakunyamaza. Alirudi nyuma, akasimulia mlango, akasimulia kisima, akasimulia na mengine ambayo hayakuwahi kufika kwangu wala zahanati. Alikuwa akiongea bila machozi, kwa mpangilio, kila kitu na msimu wake: mwaka wa mafuriko, mwaka korosho zilipokataa. Askari aliandika kwa mkono, mara kwa mara akiweka kalamu chini kukung'uta vidole.

"Mara ya kwanza kabisa," askari akauliza, "ulimwambia mtu yeyote?"

"Nilimwambia."

"Nani?"

"Somo yangu."

Hakugeuka kunitazama. Alitazama mbele, kwenye pazia. "Mtoto wangu wa kwanza alikuwa hajatimiza arobaini. Damu zinanitoka sikioni. Nilikwenda kwake alfajiri. Aliniosha uso, akanipa uji wa moto, akanifunga khanga yake juu ya yangu iliyochafuka. Akaniambia mwanamke ni kusitiri. Akaniambia nirudi upesi kabla watu hawajaamka wakaniona. Akanisindikiza mpaka njia panda."

Nilitafuta kichwani. Nilitafuta hiyo alfajiri, huo uji, hiyo khanga, na sikuipata. Si kwamba sikuamini. Niliamini kila neno, hata namna ya kufunga khanga niliijua kuwa ni yangu. Ila nimewapa wengi uji, nimewasindikiza wengi njia panda, na huyu alikuwa mmoja wao tu. Yeye alikuwa amekaa nayo miaka yote, akiniamkia shikamoo kila tulipokutana, nami nikiitika.

Askari alimaliza mstari, akaweka nukta. "Huyo somo wako yu hai? Anapatikana? Alikuona na jeraha tangu mara ya kwanza, maelezo yake yatatufaa sana mahakamani."

Mwari hakujibu. Angeweza kujibu, alikuwa amejibu yote. Hili aliniachia.

Chumba kilikuwa na joto. Nilifikiria kijijini, wanawake kisimani, kungwi mkubwa na ungo wake, mtendaji na daftari, mjomba atakavyocheka safari hii. Nilifikiria pia kwamba ningeweza kunyamaza tu, na askari angegeuza ukurasa, na hakuna ambaye angejua zaidi yetu wawili. Kunyamaza ndiyo kazi niliyokuwa naijua kuliko watu wote mle ndani.

"Ni mimi," nikasema.

Askari alinitazama, akatazama pale juu ya karatasi aliponiandika kuwa msindikizaji. Alivuta karatasi nyingine nyeupe, akainyoosha kwa kiganja, akaniuliza jina langu, la baba na la babu.

Nikampa yote matatu.